Kibati Namba Saba

Saa mbili na robo asubuhi nyapara alitikisa kopo la vibati vya wafanyakazi, akaingiza mkono bila kutazama, akatoa kibati namba saba. Namba saba alikuwa mume wa mpima mizani. Alimaliza chai yake, akachukua brashi ndefu, akapanda ngazi kwenda kusugua ukingo wa tangi la sabuni ya maji. Kidato cha juu kilikuwa kimekatika tangu mwaka jana. Mume aliteleza, akatumbukia, akayeyuka. Povu lilipanda kidogo, likashuka.

Mpima mizani alimaliza galoni aliyokuwa akipima. Hakulia. Kiwandani kila kinachotolewa hurudishwa, ndiyo kanuni, na wote waliowahi kuyeyuka walirudi mchana, safi kupita kiasi. Kilichomsumbua ni kopo kutikiswa tena saa nane.

Wafungaji maboksi walimfariji kwa hesabu. Vibati vilikuwa kumi na viwili. Namba saba kutoka asubuhi na kutoka tena mchana ni moja kwa kumi na mbili mara moja kwa kumi na mbili, yaani moja kwa mia moja arobaini na nne. Hiyo si hatari, walisema, huo ni uvumi.

Aliwajibu kwamba hesabu hiyo ilikuwa ya jana. Ya asubuhi imeshatokea. Iliyobaki ni moja kwa kumi na mbili, maana kopo halina kumbukumbu. Akaenda kwa meneja kuomba ngazi ichomelewe.

Meneja alimkaribisha kiti, akaipitia hesabu yake, akaisifu. Ilikuwa sahihi kabisa.

"Lakini nichomelee kwa hasara ipi, dada?" aliuliza. "Asubuhi wanaingia kumi na wawili, jioni wanatoka kumi na wawili. Hapa hajapungua mtu."

Basi akamwendea nyapara, rafiki wa mumewe tangu ujana, ambaye bado alikuwa na kibati mfukoni. Alimwomba akisahau humo mpaka jioni. Kumi na kimoja vingetosha.

"Naweza, shemeji," alisema nyapara. "Ila kisiporudi kwenye kopo, naye harudi kutoka tangini. Kanuni ni moja, haina mlango wa nyuma."

Akamwekea kibati kiganjani, uamuzi ukawa wake.

Alikaa nacho mpaka wenzake walipokwenda kula. Mmoja alimshauri asiwe na haraka: mume akilowekwa mpaka jioni hurudi na adabu. Mwingine alisema mume wa kwake alilowekwa mara mbili na bado anakoroma. Mpima mizani alikwenda kusimama chini ya tangi, akagonga bati kwa ukucha. Kutoka ndani aligongewa mara moja, taratibu, kama mtu anayeuliza saa.

Alikitumbukiza kibati kwenye kopo.

Mume alitokea nyuma ya tangi akifunga vifungo vya shati, akinukia limau hata paka wa ghala akapiga chafya. Aliuliza kama amebakiziwa chakula. Alibakiziwa. Alipokuwa akila mkewe alimweleza habari ya kidato kilichokatika, naye akasema anakifahamu, wameshakutana.

Saa nane kamili kopo lilitikiswa. Mpima mizani aliukazia macho mkono wa nyapara, midomo ikimcheza: si saba, si saba.

Haikuwa saba. Ilikuwa nne.

Namba nne alikuwa yeye mwenyewe. Katika hesabu zake zote za siku hiyo hakuwa amejiweka humo, ingawa nafasi yake ilikuwa ileile, moja kwa kumi na mbili, kama ya kila mtu.

Mumewe aliifuta brashi kwa shati lake, akampa.

"Ukizama, funga macho," akamwambia. "Inawasha."

Alipanda. Nyapara, ambaye hakupenda kazi ilale, alikirudisha kibati namba nne kwenye kopo kabla mguu wa mpima mizani haujafika kidato cha juu.