Kopi Tatu

Saa mbili kasoro robo asubuhi fundi cherehani alikuwa ameshakaa kwenye benchi la nje ya mahakama, karibu kabisa na mlango, pale pale alipokaa kwa miaka sita. Hakuwahi kukosa tarehe. Alikuja na homa, alikuja na mguu uliovimba, alikuja siku mbili baada ya kumzika dada yake. Nyumba aliyoijenga na marehemu mumewe, chumba kwa chumba, shemeji yake alidai ni ya ukoo. Kilichomzuia shemeji asiibomoe ni amri ya zuio tu, na kesi ikifa, zuio nalo linakufa. Leo ilikuwa zamu ya fundi kutoa ushahidi.

Karani alitoka na rundo la majalada kwapani. Alivaa suruali ya kijivu ambayo fundi mwenyewe alimpunguzia kiuno mwezi uliopita.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Leo tunamaliza?"

"Tunamaliza. Ila hati ya kiwanja una kopi ngapi?"

"Moja, na yenyewe halisi."

"Ah, mama! Hakimu huyu bila kopi tatu hapokei. Kimbia hapo ng'ambo. Wewe ni wa tisa, muda upo tele."

Akakimbia, kwa jinsi magoti ya miaka sitini yanavyokubali kukimbia. Dukani mashine ilikwama mara mbili. Aliporudi, karatasi zikiwa bado na joto, alipishana mlangoni na shemeji yake, simu sikioni.

"Waambie vijana waanze na mlango wa mbele," shemeji alikuwa akisema. Akamwona. "Pole, shemeji."

Fundi akampita mbio. Akamfuata karani mezani kwake.

"Kesi imefutwa, mama. Umeitwa mara tatu, hukuwepo."

"Kaita nani?"

"Mimi."

"Si wewe uliyenituma kopi?"

"Mimi?" Karani alisema kwa upole, kama anayemwelekeza mgeni njia. "Mama, mimi nitamtumaje mdai nje siku ya kesi yake? Hiyo si kazi yangu."

Fundi akageukia benchi. Mama mmoja aliyekaa naye tangu asubuhi alimnong'oneza, "Umeitwa wa kwanza, dada. Hata sauti hakutoa, aliuambia ukuta."

"Njoo basi umwambie hakimu!"

Yule mama akainamisha kichwa, akaanza kukunja na kukunjua ukingo wa khanga yake. Jalada lake nalo lilikuwa kwenye rundo la karani.

Karani akamsukumia nakala ya amri. Fundi aliisoma taratibu, kidole kikifuata mstari: mdai ameonyesha kutokuwa na nia ya kuendelea na shauri lake. Akairudia. Miaka sita, na kumbe nia hana.

"Nilikuona kama mtoto wangu," alisema.

Karani hakumtazama. Alishughulika na muhuri wake, akaugonga kwenye karatasi ya mtu mwingine.

"Mlango haujafungwa, mama. Unaweza kuomba kesi irudishwe. Unaandika kiapo, unaeleza kwa nini hukuja, halafu unanikabidhi mimi."

"Wewe?"

"Mimi ndiye ninayepokea." Akavuta jalada linalofuata. "Na usisahau, mama. Kopi tatu."