Kamba za Aboubakar

Mwavita alikuwa akitwanga sombe, majani ya muhogo, mlangoni kwake, Kasuku, punda wa mume wake, alipofika kutoka vitani. Vita vilikuwa vimekwisha zamani. Waliozaliwa baada ya hapo sasa wanaendesha taksi za pikipiki. Punda hakuwa amezeeka. Kila kiangazi alikuja vivyo hivyo, makasha mawili ya risasi mgongoni na kidonda kibichi chini ya kamba, akanywa maji, akashika tena njia ya Lokandu alikotoka. Wapita njia walimpisha tu.

Wakati wa vita kamanda mmoja alimchukua Aboubakar, mume wa Mwavita, pamoja na punda wake wakabebe mizigo. Aboubakar aliyafunga makasha mwenyewe, mbele ya mlango huohuo, akamwambia mkewe atarudi kabla ya magharibi.

Katika ukoo wao, uliofika hapa Kindu na misafara ya pwani, mzigo wa punda hufunguliwa na aliyeufunga. Akifa, mkewe ndiye huufungua, na siku hiyohiyo huingia eda. Kwa hiyo kila kiangazi Mwavita alimwosha punda kwa maji ya chumvi, akapenyeza kitambaa safi chini ya kamba, na mafundo hakuyagusa. Alikula peke yake, alilala peke yake, na upweke ulimuuma vibaya. Lakini alikuwa mke wa mtu.

Mwaka huu punda alianguka. Mbavu zilipanda na kushuka haraka, na fizi zilikuwa zimepauka. Geneviève, jirani yake, mke wa mtu wa reli, alikuja mbio na ndoo ya maji.

"Mama Mwavita, fungula mzigo kwanza! Maji tu itasaidia nini? Punda iko inakufa."

"Mwenye aliufunga hajarudi."

"Basi itakufa hapa, na kamba zake juu."

Mwavita alikiinua kichwa cha punda, akampangusa povu puani. Akaona kwamba anamuua mnyama kwa kumngoja mtu. Alilia kwa sauti, mchana kweupe, huku akifungua fundo la kwanza. Lilikuwa bado na jasho la mikono ya Aboubakar.

Makasha yakashuka na damu ikabubujika. Alikandamiza kidonda kwa kitenge kilichokunjwa, hakuinua mkono kuchungulia, mpaka damu ikakata. Geneviève aliwashikia mkeka juu kuwapa kivuli. Taratibu punda akaanza kupumua vizuri.

Kamanda yule siku hizi ni mheshimiwa, na masikio yake ni marefu kumshinda punda. Kabla damu haijakauka mikononi mwa Mwavita, wanaume wawili walifika na gari. Walikuwa wapole. Walisema mukubwa amesikia vitu vyake vimefika. Walifungua makasha, wakaangalia kama risasi zimetimia, wakayapakia.

"Na mwenye aliyafunga?" Mwavita akauliza.

"Mama, sisi tulitumwa tu juu ya makasha."

Wakamshukuru kwa kuyatunza, wakaenda zao. Geneviève akabaki nje akimpa punda maji kidogo kidogo. Mwavita alinawa mikono, akavua hereni, akaingia ndani kumkalia eda mume ambaye hakuna aliyetumwa kumtafuta.