Hapa Hapapigwi Fidla

Mafundi wenzake walimwita Bibi Sikio. Miaka ishirini na miwili alikuwa akitunga muziki wa filamu na kuzipa sauti, na studio yake ilikuwa chumba cha uani kwa kaka yake, kuta zimezibwa magodoro makuukuu.

Safari hii filamu ilimhusu mjane. Katikati kuna sehemu ya dakika tatu: mama wa watu anatoka mazikoni, anaingia chumbani, anakunja mashati ya marehemu. Basi. Bibi Sikio aliihangaikia siku nne. Alipekua kabati la kaka yake, akakunja na kukunjua mbele ya kipaza sauti mpaka akalipata shati lililochakaa vya kutosha. Akaweka mchakacho wa kitambaa na pumzi za mjane. Muziki hakutia.

Mtayarishaji wa filamu alisikiliza akitikisa mguu. Alisema watu watadhani spika zimekufa. Alitaka fidla, tena nyingi, za kuliza. Bibi Sikio akamweleza kwamba aliyewahi kukunja nguo kama zile anajua chumbani mle hamna fidla. Bwana yule akajibu kuwa yeye aliajiri mtunzi. Kimya angekipata bure.

"Basi litoe jina langu," Bibi Sikio akasema. "Na muziki wangu wote uliomo humo naondoka nao. Kasome mkataba."

Bwana akacheka, akasema watunzi wamejaa tele mjini, akaenda zake.

Kaka mtu alipopata habari alimsihi dada yake awe mpole. Mkono usioweza kuukata, ubusu. Bibi Sikio akamwambia ameubusu miaka ishirini na miwili, midomo imechubuka.

Mtayarishaji akamkimbilia mtunzi mwingine, mwanamume aliyemnyang'anya Bibi Sikio kazi moja zamani, na tangu hapo walikuwa hawasalimiani. Huyo akaitazama ile sehemu mara tatu. Kisha akampigia simu hasimu wake.

"Dada, yale mashati uliyatoa wapi?"

"Ya kaka yangu."

"Mwaka jana nilikunja ya mke wangu," mwanamume akasema. "Nimemwambia bwana mkubwa kwamba mimi sigusi kitu pale. Na asiyejua kusikia asiwafundishe wenye masikio."

Siku ya kuonyesha filamu ilikuwa imekaribia, na mtunzi wa tatu hakupatikana. Mtayarishaji akakubali shingo upande sehemu ile ibaki kama Bibi Sikio alivyoiacha.

Ukumbi ulijaa. Mjane alipochukua shati la kwanza, minong'ono ikakatika. Mtu mmoja nyuma alianza kukohoa, akajizuia. Bibi Sikio alisimama ukutani, mikono kifuani, akamtazama mtayarishaji kwenye safu ya mbele akijipangusa macho kwa siri.

Bwana yule hakumpa kazi tena. Naye hakuomba.