Vifaa vya Michezo, Idadi Moja

Saa mbili asubuhi Albina alimwogesha mwanawe Goodness kwenye beseni jekundu. Maji yalipoanza kuganda pembeni, aliuvunja ule utando wa barafu kwa kidole, akautupa kwenye sinki, akaongeza maji ya moto kutoka kwenye birika. Ulikuwa mwezi wa sita, wakati wa joto kali kule. Katika chumba chao cha kupanga pale Sanyuanli, kusini mwa China, ghorofa ya saba, kuta zilikuwa zinatoka jasho.

"Simama nikusugue mgongo."

"Baba anacheza leo?" aliuliza Goodness.

"Anaenda mazoezini."

"Mazoezi siyo kucheza. Atacheza lini?"

"Akiandikwa," alisema Albina. "Inua mkono."

Baba mtu, Shedrack, alikuwa mezani na kikombe cha chai kilichopoa mara tu alipokishika. Alikuwa mchezaji wa kulipwa wa hoki ya barafuni. Huu ulikuwa mwaka wake wa sita klabuni, na alikuwa hajacheza mechi hata moja.

Mambo yalianza kwenye jengo la nguo za jumla, mitaa miwili kutoka hapo. Shedrack alikuja kutoka Makambako kununua suruali za jinzi. Mfagizi alikuwa ametoka kupiga deki, na Shedrack aliposimama mbele ya kibanda kubembeleza bei, maji yaliganda chini ya viatu vyake, barafu ikatambaa mpaka kwenye mlango wa lifti. Mwenye duka alitazama chini, akamtazama usoni, akasema, "Bu yao," yaani hataki, kwa sababu bei aliyotajiwa ilikuwa ndogo mno. Kwenye kibanda cha pili alikuwepo kocha Luo, amekuja kutafuta fulana za timu yake. Klabu yake ilikuwa na uwanja wa barafu juu ya jengo la maduka, na mashine ya kugandishia ilikuwa imeharibika.

"Unajua kuteleza?" Luo alimuuliza kupitia simu yake inayotafsiri.

"Sijui," alisema Shedrack. "Nikifundishwa nitajua."

Alifundishwa, akajua. Mwaka wa pili hapakuwa na mtu klabuni aliyemshinda mbio akiwa na gongo mkononi. Kile kisahani cheusi cha mpira mgumu kilimfuata kama kifaranga. Kocha Luo mwenyewe alikuwa akisimama pembeni asubuhi, anamtazama, anatikisa kichwa kwa masikitiko.

Alisikitika kwa sababu ya fomu. Fomu ya usajili ilijazwa na Aloyce, Mtanzania mwenzao aliyekuwa na ofisi ya kusafirisha mizigo barabara ya Huanshi Zhonglu. Aloyce alikuwa mtu mwema. Miaka kumi alikuwa akijaza karatasi za mizigo, na alichojifunza ni kwamba kitu huandikwa jina lile linalopita haraka. Wigi aliziandika nyuzi. Simu aliziandika vipuri. Alipofika kwenye mstari unaouliza anasajiliwa nini, mkono wake ulikwenda wenyewe.

"Ukiandika mchezaji watataka cheti cha shule ya michezo, cheti cha daktari, barua ya chama cha hoki cha kwenu. Kwenu kuna chama cha hoki?" alimuuliza Shedrack.

"Makambako? Hakuna."

"Basi. Vifaa vya michezo vinapita siku hiyohiyo. Ukishaingia utabadilisha."

Aliandika: vifaa vya michezo, idadi moja, nchi kilikotengenezwa Tanzania. Ilipita siku hiyohiyo.

Kubadilisha ndiko kulikoshindikana. Kila mwaka Shedrack alikwenda na karatasi zake, na kila mwaka alijibiwa kwa upole kwamba kifaa hakiwezi kuleta maombi, mwenye mali ndiye anayeleta. Mwenye mali, laoban wa klabu, hakuwa na sababu ya kuleta. Ile mashine mbovu alikuwa ameshaiuza chuma chakavu. Chini ya viti vya watazamaji alimtengenezea Shedrack kachumba kenye bati la chuma lililoungwa na mabomba ya uwanja. Siku ya mechi Shedrack alivaa jezi yake namba kumi na tisa, akakaa kwenye kiti, akaweka miguu mitupu juu ya bati. Uwanja uliganda sawasawa, kona zote nne.

Mwaka huu jambo lilikuwa na tarehe ya mwisho. Albina, ambaye miaka yote alikuwa akija kununua nguo na kurudi, safari hii alikuja na mtoto, na viza zao zilikuwa zinaisha tarehe thelathini. Klabu huandika barua ya familia kwa mchezaji aliyecheza walau mechi moja ya ligi. Barua hiyo ndiyo ingewawezesha kubaki. Albina alikuwa ameshamtafutia Goodness chekechea, na sweta tatu za kumvalisha wakati wa kupakatwa na baba yake.

Wiki mbili kabla ya tarehe, wachezaji kumi na mmoja walikula chaza kwenye harusi ya mwenzao, wakalazwa. Jumamosi saa nane mchana kocha Luo alishuka kwenye kachumba, akasimama mlangoni.

"Vaa viatu," alisema.

Shedrack alivaa viatu vya vyuma. Kuhusu barafu hapakuwa na wasiwasi. Akiwa juu yake iliganda vizuri zaidi.

Wafanyabiashara wa Sanyuanli walikuja na makoti ya kuazima. Bernadette wa Lubumbashi, anayesafirisha vitenge na sufuria, alikaa mbele kabisa amejifunga blanketi la ndege. Kushoto kwake alikuwa Albina na mtoto, kulia Aloyce.

"Vas-y, papa Goodness!" alipiga kelele Bernadette, akimhimiza aende. "Mupite uyu! Uyu hana miguu, ana vijiti!"

"Mama Bernadette, kaa chini, hatuoni," alisema Aloyce.

"Nikae? Weye uliandika mutu kama carton, leo unanipa amri?"

"Na hilo katoni lilifika au halikufika?"

"Lilifika, mais halikufunguliwa!"

Watu wa nyuma walicheka. Albina hakucheka. Alikuwa amemsimamisha Goodness kwenye mapaja yake.

Kipindi cha pili, timu zikiwa hazijafungana, Shedrack alichukua kisahani nyuma kabisa karibu na golikipa wake. Aliwapita wawili ubavuni, akamwacha wa tatu amekumbatia ukuta, akapiga. Kisahani kiliingia juu, pembe ya kushoto. Ubao wa matokeo uliandika moja. Bernadette alimkumbatia Aloyce, kisha akakumbuka, akamsukuma.

Mwamuzi, mtu mpole mwenye miwani, alipiga filimbi. Alifungua orodha ya wachezaji, akapitisha kidole juu mpaka chini. Alifungua orodha ya pili, ya mali za uwanja, na humo kidole kilisimama. Aliita makapteni wawili, akawaeleza kwa utulivu, nao wakaitikia kwa vichwa. Ubao ulirudi kwenye sufuri.

"Anasemaje?" Albina alimuuliza Aloyce.

"Anasema kisahani kikigonga kifaa cha uwanja kikaingia golini, bao halihesabiki."

"Kifaa gani?"

"Shemeji, usinitazame hivyo."

Kapteni wa timu pinzani alimwendea Shedrack, akampa mkono, akamsifu kwa shuti. Halafu watu wawili wenye fulana za kazi walimshika viwiko na kumtoa taratibu, kama inavyotolewa ngazi iliyosahauliwa uwanjani. Jumatatu klabu ilipokea barua ya onyo kwa kuacha kifaa juu ya barafu mechi ikiendelea.

Jumatatu hiyohiyo Albina alimvalisha Goodness gauni la kanisani, akaenda ofisini kwa klabu. Shedrack alikwenda naye, na Aloyce wa kutafsiri. Karani alikuwa dada kijana mwenye mimba ya miezi saba hivi, na mkono wake mmoja ulikuwa juu ya tumbo muda wote. Aliwaletea viti. Akampa Goodness maji kwenye kikombe cha karatasi.

"Amecheza," alisema Albina. "Watu wote wameona. Naomba barua ya familia."

Karani alitafuta kwenye kompyuta. Alisema kumbukumbu zinaonyesha kwamba siku ile timu ilicheza pungufu ya mtu mmoja. Vilevile, alisema, kifaa hakina familia.

Albina alimwinua Goodness, akamsimamisha mezani. "Huyu je? Nilimzaa na kiti?"

Aloyce alisita, kisha akatafsiri neno kwa neno. Karani alimtazama mtoto, macho, paji la uso, masikio yaliyokuwa ya Shedrack matupu. Alichukua kile kikombe mkononi mwa mtoto, akakigeuza juu chini. Hakikumwaga kitu. Alikirudisha juu ya meza, akavuta droo, akatoa fomu ya kijani.

Alizungumza kwa muda mrefu. Kila alipozidi kusema, uso wa Aloyce ulizidi kuchangamka.

"Shemeji, kuna njia! Klabu inafungua uwanja mdogo wa watoto, ghorofa ya chini. Anasema mtoto anaweza kubaki. Ataandikwa chini ya baba yake, kwenye vipuri. Inapita leo hii, saa kumi tuna karatasi mkononi."

"Mimi je?"

"Wewe utakuwa unakuja na kurudi kama zamani."

Albina alipokea kalamu. Alikuwa mtu wa kuuliza, akauliza. "Atakwenda shule?"

Karani alifungua kijitabu, akasoma. Alijibu kwamba vipuri haviendi shule, lakini chumba chake kitakuwa jirani na cha baba yake.

"Akiumwa?"

"Anasema kila miezi mitatu kuna fundi."

Shedrack alisogeza kiti chake karibu na meza. Vigae chini yake vilikuwa vimeshapata weupe. "Mama Goodness," alisema, "nitamwona kila siku."

"Utamwona, baba Goodness. Najua utamwona."

"Miaka minne na nusu nimembeba mara ngapi? Nimehesabu. Hata vidole vya mikono na miguu haviishi."

"Najua."

"Basi tia sahihi."

Albina aliitazama fomu. Kwenye mstari wa jina palikuwa na nafasi ya namba tu. Goodness, pale mezani, alikuwa amechukua kikombe chake tena na anajaribu kulitoa donge la barafu kwa ulimi. Mama yake alimfuta kidevu kwa kiganja, akashusha gauni lililopanda, akamfunga kifungo cha shingoni. Kisha akaivika kalamu kifuniko chake, akairudisha mahali ilipotoka.

"Mwambie asante," alimwambia Aloyce. "Huyu mimi nimemzaa mtu."

Aloyce alisema. Karani aliinamisha kichwa. Alilitazama tumbo lake, akaurudisha mkono juu yake. "Mei banfa," alisema polepole, hakuna namna, akairudisha fomu ya kijani kwenye droo. Alimpa Goodness peremende mbili.

Tarehe ishirini na tisa walikwenda uwanja wa ndege wa Baiyun kwa treni ya chini ya ardhi. Shedrack aliruhusiwa na klabu kwa saa tatu, kwa karatasi ya kutoa kifaa nje ya jengo. Kwenye foleni ya mizigo sakafu iliganda, na mfanyakazi wa usafi akaja kuweka kibao cha njano cha kuonya watu wasiteleze. Goodness alivaa sweta zote tatu. Baba yake alimpakata mpaka midomo ya mtoto ilipoanza kuwa na rangi ya zambarau, na Albina akamchukua. Walifanya hivyo mara nne: anampa, mtoto anapoa, anamchukua, anampasha moto kifuani, anampa tena. Mara ya tano walitangaziwa kuingia.

"Utakula?" Albina alimuuliza mumewe.

"Nitakula."

"Usinywe chai imelala."

"Yote inalala nikishaishika."

"Basi inywe haraka," alisema Albina, akapangusa jalidi kwenye nyusi za mumewe kwa ncha ya kanga.

Shedrack alirudi klabuni dakika ishirini kabla ya muda. Mlinzi alikagua karatasi, akatia alama kwamba kimerudi kikiwa kizima.

Kule Makambako Goodness aliandikishwa chekechea. Daftarini mwalimu alimwandika mwanafunzi, namba thelathini na moja, akampangia kukaa na mtungi wa maji ya kunywa. Wazazi wengine hawakulalamika. Maji yalikuwa baridi na safi. Albina alifungua kibanda cha nguo stendi. Usiku alifundishwa Kichina na simu yake, maana alikuwa na nia ya kuandika barua mwenyewe kwa laoban, bila Aloyce.

Aliandika barua mbili. Hazikujibiwa. Aliandika ya tatu.

Mwezi wa kumi ligi ilikuwa imepamba moto, na magazeti ya michezo ya kule yalisema barafu ya uwanja ule haikuwa na mfano kusini yote. Siku moja ya Jumatano, katikati ya mechi, simu ya Shedrack iliita kwenye kachumba chini ya viti.

"Baba, mwalimu katuonyesha mechi kwenye simu yake," alisema Goodness. "Nimewaambia wenzangu baba yangu yumo."

"Wamesemaje?"

"Wameuliza ni yule mrefu au yule mwenye gongo jekundu. Nikawaambia wewe ni ile nyeupe yote ya chini."

Juu ya kichwa chake timu ilikuwa inaanza kipindi cha tatu. Shedrack alingoja kelele za vyuma zipite.

"Ndiyo, mama," alisema. "Ndiye mimi."

"Wanavyokukwaruza hivyo, unaumia?"

"Siumii sana. Wakimaliza wananimwagia maji, mikwaruzo inapotea."