Mswada wa Igawa na Kufuli Saba

Jumatatu, tarehe 4 Agosti 1975, asubuhi yenye baridi ya kukata masikio, Ngolo binti Nkuba, akitokea kijijini Igawa, alishuka kwenye basi Ipogolo, akapanda kilima kwa miguu hadi Iringa mjini kuudai mswada wa darasa lake.

Zama hizo miswada ilikuwa bado hai. Ilifugwa majumbani kama mifugo mingine, ikapumua, ikajiandika yenyewe kwa kila neno lililosemwa karibu nayo. Chakula chake kilikuwa kimoja tu: sauti ya mtu anayesoma. Mswada usiosomwa ulikonda kama ng'ombe wa Usangu mwezi wa Oktoba.

Mswada wa Igawa ulikuwa umenona, kwa kuwa akina mama ishirini na watatu wa darasa la kisomo waliusoma kila alasiri, kidole kikifuata mstari. Ndipo mwezi Juni wakaja maofisa wa Hifadhi ya Miswada, wakatoa hotuba ndefu, wakauchukua "ukatunzwe kitaalamu." Sasa mtihani ulikuwa Jumamosi, na darasa halikuwa na kitu kingine cha kusomea. Mwalimu Esta alikwisha kuonywa: asiyesoma mbele ya wakaguzi ataandikwa hajui, na darasa litafungwa.

Karani Danieli wa Hifadhi alimpokea Ngolo dirishani.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Nimefuata mswada wetu."

"Una kibali cha kusoma?"

"Kinapatikanaje?"

"Kwa kuonyesha cheti cha kisomo."

"Na cheti?"

"Si mpaka ufaulu mtihani, mama yangu!"

"Na kwenye mtihani nitasoma nini?"

Danieli alikuna kichwa. "Hilo ni swali la idara nyingine."

Kabla Ngolo hajauliza idara hiyo iko wapi, mlango ulifunguka kwa kishindo. Mkurugenzi, Bwana Marcelino, alitoka akihema. Mgeni rasmi kutoka Dar es Salaam alitarajiwa saa nne kuja kuuona mswada hai, na mswada wenyewe ulikuwa umelala ndani ya kabati la kioo lenye kufuli saba, umekonda, herufi zake zimejikunyata kwenye pembe moja ya ukurasa kama mbuzi walionyeshewa na mvua. Mkurugenzi alikuwa ameusomea waraka wa ofisi. Herufi zikageukia ukutani, zikakoroma.

"Tumeupa kila kitu!" alilalama. "Mhuri asubuhi, mhuri jioni!"

"Mmeusoma?" aliuliza Ngolo.

"Mama, mali ya thamani kama hii haisomwi. Inatunzwa."

"Basi mmeutunza mpaka unakufa. Nipishe, baba."

Kwa jinsi alivyobanwa, mkurugenzi alifungua kufuli zote saba, akampisha. Ngolo aliweka kidole kwenye neno la kwanza, akasoma taratibu, silabi baada ya silabi, kama anavyomlisha uji mtoto mgonjwa. Herufi zikainua vichwa. Zikaja moja moja, kisha makundi makundi, hata ukurasa ukajaa. Bwana Marcelino aliinama kutazama, uso ukamsawijika. Mswada ulikuwa umetoa nje yote uliyoyasikia tangu Juni: *Njoo kesho. Mkubwa yuko kikaoni. Ufunguo anao fulani, naye amesafiri. Andika kwamba umenenepa.*

Nje honi ya gari ililia.

"Dada yangu," alinong'ona mkurugenzi, "mbele ya mgeni uruke ukurasa huu mmoja tu. Ukiuruka, leo hii unaondoka na mswada wenu."

Ngolo aliwafikiria wenzake ishirini na wawili waliokuwa wakimngoja. Ukurasa mmoja! Kisha akazitazama zile herufi, nazo zikimtazama kama watoto waliozunguka sufuria. Ni ipi angeinyima?

"Kuruka bado hatujafika, Bwana Mkurugenzi," alijibu. "Tumefundishwa kusoma tu."

Mgeni alipoingia, Ngolo akausoma mswada wote. Mgeni alianza kwa kucheka, akaendelea kwa kukohoa, akamaliza kwa kuunda kamati ya watu tisa. Mswada, alisema, usitoke hapo, kwa kuwa ni ushahidi. Kufuli nazo ziongezwe, ziwe kumi na mbili. Bwana Marcelino akatabasamu kwa mara ya kwanza siku ile.

Lakini mswada ukisomwa wote, pasipo kubaguliwa neno, haunenepi tu; huzaa. Wakubwa walipokuwa wakinywa soda, kabati likiwa bado wazi, mswada ulizaa ndama wa kurasa nane, mbichi kwa wino. Danieli alifungua daftari la mali. Kulikuwa na mstari wa mswada, wa kabati na wa kufuli. Wa ndama haukuwapo.

"Sasa niandike nini, mama?"

"Andika ulichokiona."

"Hicho hakina fomu."

Ngolo alimfunga ndama mgongoni kwa kitenge. Langoni mlinzi akamsimamisha.

"Mama, umebeba nini?"

"Kichanga. Kimezaliwa sasa hivi."

"Hongera!" alisema mlinzi, akafungua.

Jumamosi akina mama ishirini na watatu walizisoma kurasa zote nane, "Njoo kesho" ikiwamo, mbele ya wakaguzi, ambao waliandika "anajua" mara ishirini na tatu huku wakitazama viatu vyao. Jioni ile ndama naye akazaa mapacha.

Mswada huu ulio mkononi mwako ni wa uzao huo. Usome kwa sauti, usiruke neno, kisha mpe jirani yako naye ausome.