Kikosi Kisichotoka Mjini

Mume wangu Alfani alilinda geti la hoteli moja huko Diani kwa miaka ishirini na sita. Fridah alikuwa mapokezi kwenye hoteli hiyohiyo. Kwao ni bara, ni mjane, na siku hizi anakaa Ukunda. Mwaka wa korona wageni walipoondoka, wafanyakazi walirudishwa makwao, wakabakishwa wao wawili kuangalia majengo. Huko ndiko walikojifunza mchezo wa vita wa kompyuta. Alfani alipostaafu, hoteli ikampa ile kompyuta ya zamani yenye kisogo kikubwa, akaja nayo hapa Munje. Fridah naye akawa anakuja kila Jumamosi kwa ajili ya kompyuta.

Kwa ajili ya kompyuta. Ndivyo nilivyokuwa nikijiambia.

Mchezo wenyewe hauna haraka. Ramani imegawanywa vyumba vidogo vidogo kama sega la nyuki. Mmoja husogeza vifaru na mizinga yake, akimaliza hubonyeza, na zamu inakwenda kwa mwenzake. Huyaoni majeshi ya mwenzako mpaka uyakaribie. Kwa kuwa kompyuta ni moja, anayesubiri hutoka nje. Waliwekeana sharti: atakayechungulia zamu ya mwenzake, mchezo umekwisha kabisa, na kompyuta inapelekwa madrasa.

Mimi nikiwa jikoni nilikuwa nikiwasikia wakicheka. Nimeishi na Alfani miaka arobaini na moja, na sikumbuki ni lini tulicheka hivyo. Akitoka kusubiri zamu yake huja kuketi nami mkekani, akanisaidia kukuna nazi, lakini nikimtazama naona mawazo yake yako kule ndani. Fridah si mtu mbaya. Haji mikono mitupu, na hajaingia kwangu hata siku moja bila kuvua viatu mlangoni. Hilo nalo liliniudhi. Nilitamani awe na kasoro nimshike nayo.

Jumamosi moja Alfani alikuwa katikati ya zamu yake alasiri ilipoadhiniwa. Akaiacha kompyuta ilivyo, akaenda msikitini. Siku zote akienda kuswali, Fridah huingia macho chini akaifunika kwa leso yangu ili akipita asiyaone majeshi ya mwenzake, kisha hutoka tukakaa pamoja uani. Siku hiyo hakutoka. Nilipompelekea chai nikamkuta amenipa mgongo, amesimama mbele ya kompyuta, leso iko mkononi mwake.

"Ahsante, Mama Ummi," akasema, akanigeukia na kupokea kikombe.

Sikumuuliza kitu. Nilitoka haraka nikamsubiri Alfani uani.

"Fridah amechungulia," nikamwambia hata kabla hajavua makubadhi.

"Umemuona?"

Nilichokiona ni leso mkononi, basi. Hilo nililijua vizuri.

"Nimemuona kwa macho yangu," nikasema.

Alfani akavua makubadhi. "Haya. Namaliza zamu yangu, naye acheze yake. Kisha tutasema naye."

Akaingia, Fridah akatoka kumpisha. Alipomaliza akaja kukaa nami, Fridah akarudi ndani. Nikajua kwamba Fridah akiondoka siku hiyo harudi tena. Jambo hilo nilikuwa nimelitaka muda mrefu, na sasa nilikuwa nimeshika kifuu juu ya mbuzi ya nazi bila kukikuna.

Ndani mizinga ikaanza kulia, mmoja, wa pili, kisha mfululizo. Halafu tukamsikia Fridah akicheka peke yake.

"Mzee Alfani, hii mizinga umeificha saa ngapi? Vifaru vyangu vyote umenimalizia darajani."

 Alfani alinigeukia mimi, akasema polepole, "Mizinga iko pale msituni, kando ya daraja, tangu kabla sijaenda kuswali. Mtu aliyechungulia angepitaje darajani?"

Nikatazama mlango wa ndani.

"Mimi sitamwambia," akasema. "Wewe ukipenda, mwambie." Akanipokea kifuu cha nazi taratibu, akaendelea kukuna.

Nikaingia ndani. Leso yangu ilikuwa imekunjwa vizuri juu ya kiti, na pembeni ina alama ya hudhurungi, kama iliyosahauliwa chini ya pasi.

"Fridah, nimekusingizia kwa Alfani. Nimesema umechungulia."

"Nilijua utasema," akajibu. "Ulivyonitazama na hiyo chai. Leso ilianza kunuka, Mama Ummi. Hii mashine inachemka kisogoni. Nikaigeuza itazame ukuta, nikaitoa leso yako isiungue. Nilitaka kukueleza, ukatoka mbio."

"Na hukukasirika?"

"Nimekasirika. Lakini na mimi niliwahi kuwa na mume."

Nikakaa kitini, leso nikaiweka mapajani. Fridah akakaa karibu nami.

"Ningekuonyesha kitu, lakini nimeshabonyeza, hii sasa ni zamu yake, si vizuri. Nitakwambia tu. Kwenye huu mchezo unaweza kukipa kikosi jina. Mzee ana kikosi kimoja chenye nguvu kuliko vyote. Kila nikifika mjini kwake nakikuta palepale. Tangu korona hajakitoa hata siku moja kwenda vitani. Mara nyingi namshinda kwa sababu hiyo. Kinaitwa Mbeyu."

Mbeyu ni mimi.

Nilitaka kunyamaza na kushukuru, ndivyo ingefaa. Lakini wivu haukuwa umenitoka wote.

"Na kuna kinachoitwa Fridah?"

 Alizungusha kikombe mezani.

"Hakuna," akasema. "Nilishatafuta."

Kikombe chake nikakichukua. Chai ilikuwa imepoa. Nikaenda kumletea nyingine ya moto, pamoja na mahamri mawili niliyokuwa nimemuwekea Alfani.