Amri ya Kutokanyaga Shamba

Tangu serikali iruhusu kila mwenye uwezo kununua mpunga, malori ya Dar yalikuwa yakifika Mohoro yenyewe. Ndipo Hashimu, ambaye kwa miaka ishirini hakugusa jembe, akakumbuka ghafla kwamba shamba la binamu yake Bwanaheri lilikuwa la bibi yao wote. Akaenda Kibiti kushtaki.

Tarishi wa mahakama alipoleta amri, Bwanaheri alikuwa juu ya dungu, kile kibanda cha miguu mirefu wanamolala watu wa bondeni mpunga unapoiva, anafukuza ndege. Tarishi akaisoma akiwa mpakani: mpaka kesi iamuliwe, mdai wala mdaiwa asikanyage shamba hilo. Bwanaheri akaitikia kwamba amesikia na atatii. Akavuta ngazi juu, mguu usije ukakanyaga, akaketi.

Kwa nini asitii? Mpunga ulibakiza wiki tatu uvunwe, na ndege wa Rufiji hawajapelekewa amri na mtu. Akiondoka yeye, hukumu ingekuja kugawa mabua matupu.

Mkewe Subira akawa anasimama shamba la jirani, anamnyooshea kikapu cha ugali kwa ncha ya upondo wa mtumbwi, huku akimwambia kwamba kumbe aliolewa na kima. Siku ya tano Hashimu akarudi Kibiti mbio: mdaiwa anaidharau mahakama, hatoki shambani. Bwanaheri akaitwa akajieleze. Akajibu kwa heshima zote kwamba angependa sana kufika, ila njia ya kushuka inapita ardhini.

Basi hakimu akaja mwenyewe, suruali kaikunja hadi magotini, faili limeingia tope, kanuna. Akasimama mpakani na Hashimu, akaamuru kimya. Watu waliokuja kutazama wakanyamaza. Bwanaheri naye akaacha kupiga debe lake la kufukuzia ndege.

Ndege wakashuka kundi zima.

Hakimu alikuwa hajamaliza kusoma shtaka, Hashimu akavumilia mara moja, mara mbili, kisha uzalendo ukamshinda. Akatimka, akiswaga ndege kwa kofia na kuwatukania mama zao. Alipogutuka, alikuwa katikati ya mpunga, mbele ya mahakama.

Hakimu akafunga faili taratibu.

"Bwana Hashimu, umekwisha kanyaga. Sasa panda huko juu ukae na mwenzio. Mtafukuza ndege pamoja mpaka mpunga uvunwe na kukabidhiwa mahakama. Atakayetangulia kushuka, huyo ndiye aliyenidharau."

Bwanaheri akateremsha ngazi. Mpunga umepona, alhamdulillahi, na furaha ikamjaa kifua kizima. Kisha akamwona Hashimu akipanda kwa kuhema, akakumbuka enzi za utoto, walipokuwa wakilazwa mkeka mmoja kwa bibi, na jinsi mtu huyu alivyokuwa akikoroma.